Mahabusu wa Magurudumu Sita

Tuseme wazi, maana tumemung'unya maneno vya kutosha: gari halitendi kosa. Gari halina nia, halina kinywa cha kukana wala cha kukiri. Anayechimba mchanga bila leseni ni mtu. Anayeupakia ni mtu, anayeununua ni mtu, na anayetazama pembeni ukipita ni mtu vilevile. Lakini ikifika siku ya kamatakamata, mtu hudhaminiwa akaenda kulala kwake, na Fuso likabaki uani mwa kituo likizungukwa na majani. Miezi inapita. Kesi haijulikani iko wapi. Mvua inalinyeshea, jua linalichoma, na wajanja wa usiku wanalichungulia betri. Huyo ndiye mahabusu ninayemtetea leo, mahabusu wa magurudumu sita, asiye na ndugu wa kumpelekea chakula wala wakili wa kumsemea.

Najua wapo watakaoguna: "Eti anatetea wezi wa mchanga!" Wasome kwanza hadi mwisho, ndipo wanipige mawe.

Ndugu msomaji, shika barabara ya Bukoba kwenda Muleba. Pita Kemondo, pita Muhutwe, panda hata Kamachumu ukipenda. Hesabu misingi iliyochimbwa na kuta zilizosimama nusu zikingoja bati. Msonge wa mababu zetu ulikuwa miti na nyasi, haukudai hata tripu moja ya mchanga. Nyumba ya leo ni tofali na saruji, na saruji bila mchanga ni vumbi la kuchafua mikono. Tarehe 10 Septemba 2016 ardhi ilipotutetemesha kwa kipimo cha 5.9, tulizika watu 17, nyumba kwa maelfu zikabomoka au kupasuka, na shule kongwe za Ihungo na Nyakato zikafungwa kwa uharibifu. Baada ya machozi ikaja kazi ya kujenga upya. Mwaka 2021 nao Serikali ikapata mkopo wa shilingi trilioni 1.3 kutoka Shirika la Fedha la Kimataifa, na nchi nzima yakajengwa madarasa 15,000 kwa miezi michache.

Jamani, mchanga wa kazi zote hizo uliletwa na nani? Malaika? Huku kwetu mchanga huletwa na Fuso, Canter na tipa, aina ile ile ya magari ambayo kesho yake husimamishwa barabarani na kuulizwa kibali. Madarasa yalipokuwa yanakimbizwa ili watoto waingie Januari, ni kiongozi gani aliyepanda juu ya rundo la mchanga akauliza leseni ya shimo ulikotoka? Sheria inayolala wakati Serikali inajenga na kuamka wakati mwananchi anajenga, hiyo ina usingizi wa kuchagua.

Sisemi hivi ili mchanga uchimbwe ovyo. Sheria ya Madini ya mwaka 2010 inauhesabu mchanga kuwa ni madini ya ujenzi, pamoja na mawe, kokoto na udongo wa mfinyanzi. Anayeuchimba kwa biashara anatakiwa awe na leseni. Leseni ndogo ya uchimbaji hupewa Mtanzania peke yake, kwa miaka saba, na kuna mrabaha wa asilimia 3. Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2004 nayo inakataza shughuli za kudumu, au zenye kudhuru, ndani ya mita 60 kutoka ufukweni mwa ziwa au ukingoni mwa mto. Hizo ni sheria nzuri. Asiyeziona nzuri avuke Mutukula, apite Masaka kuelekea Kampala, atafika mahali panaitwa Lwera. Ziwa ni lile lile letu. Huko mitambo ya mchanga iliingia kwenye ardhioevu ikaacha mashimo ya maji, na kelele zikapigwa kwa miaka, kwa kuwa Katiba ya Uganda ya 1995 ilikuwa imeutoa mchanga wa ujenzi katika maana ya madini. Sheria yao mpya ya madini, iliyoweka leseni kwa vifaa vya ujenzi, ilikuja 2022. Mashimo yalikuwa yamekwisha kuchimbwa.

Shirika la Umoja wa Mataifa la Mazingira lilikadiria mwaka huo huo wa 2022 kwamba dunia inatumia tani bilioni 50 za mchanga na kokoto kila mwaka. Kwa hiyo mchanga si shamba la bibi. Mto Kanoni ukiliwa kingo zake, maji yatakuja kuulizia mjini Bukoba, hayataenda kuuliza kwa Tume ya Madini. Anayechimba ndani ya mita 60 ashitakiwe. Anayechimba bila leseni ashitakiwe. Anayejua kwamba mchanga ni wa wizi na akaupakia, naye ashitakiwe. Hapo hatuna ugomvi.

Ugomvi wetu unaanza pale neno "ashitakiwe" linapobadilishwa kimyakimya likawa "gari lake likae".

Kuna maneno matatu ambayo wakubwa wetu huyachanganya, na sisi huyameza bila kutafuna. Neno la kwanza ni kukamata: askari analisimamisha gari kwa sababu ana shaka. Neno la pili ni kushikilia: gari linawekwa kama kielelezo cha kesi. Neno la tatu ni kutaifisha: mahakama, baada ya kusikiliza kesi, inaamuru kwamba gari si lako tena, ni la Serikali. La kwanza ni kazi ya dakika chache. La tatu ni kazi ya hakimu. Katikati pana bwawa la matope liitwalo kushikilia, na humo ndimo magari yanamozama. Gari lililoshikiliwa mwaka mzima bila amri ya mahakama limekwisha kutaifishwa, ila hakuna aliyeweka sahihi. Mwenyewe halitumii, haliuzi, wala haliwekei dhamana ya mkopo. Tofauti na kutaifishwa iko wapi?

Katiba yetu ya 1977, Ibara ya 24, inalinda mali ya mtu aliyoipata kwa mujibu wa sheria. Ibara ya 13(6) inampa kila mtu haki ya kusikilizwa kwa ukamilifu, na inakataza kumtendea mshitakiwa kama mkosaji kabla hajapatikana na hatia. Mahakama ya Rufani, katika kesi ya Mbeya-Rukwa Autoparts iliyochapishwa katika ripoti za sheria za mwaka 2003, ilisema kwamba haki ya kusikilizwa siyo tena desturi tu ya majaji, ni haki ya kikatiba. Kesi yenyewe haikuwa ya mchanga. Lakini kama mahakama kubwa haiwezi kumnyang'anya mtu haki yake bila kumsikiliza, mlinzi wa geti la kituo ameipata wapi nguvu hiyo?

Halafu kuna hili la karatasi. Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai ya mwaka 1985, kifungu cha 38, inamtaka afisa aliyechukua mali katika upekuzi atoe stakabadhi ya alichokichukua, yenye sahihi za waliokuwapo. Nenda kijiwe chochote cha madereva ukaulize ni wangapi waliwahi kudai karatasi hiyo. Watakucheka. Watakuambia gari huandikiwa "twende kituoni", basi. Bila stakabadhi hakuna anayejua gari liliingia na tairi ngapi, spea ilikuwapo au haikuwapo, na dizeli ilikuwa kiasi gani. Siku ya kulitoa ukiuliza betri, unaulizwa wewe: "Una uhakika lilikuja nayo?"

Mwenye gari naye mara nyingi siyo aliyekuwa kwenye usukani. Ni mwalimu mstaafu aliyeweka mafao yake yote kwenye Canter moja. Ni mama aliyekopa benki kwa dhamana ya kibanja alichoachiwa. Amempa dereva gari asubuhi, dereva akaitwa na mteja kupakia mchanga, na huyo mama hajawahi kuliona hilo shimo. Gari likishikiliwa, marejesho ya mkopo hayashikiliwi. Utingo hana posho, wapakiaji wenye machepe hawana kibarua, fundi aliyekuwa anangoja mchanga anakaa juu ya tofali akipiga soga. Mtu mmoja kakosa, ikiwa kweli kakosa, na kumi wanakula adhabu. Mwenye shimo, yule anayepokea fedha kwa kila tripu, anangoja gari jingine. Maana kuna Fuso ngapi Kagera?

Tena gari hilo moja lina wenyewe watano. Tume ya Madini inataka mrabaha. Baraza la mazingira, NEMC, linataka mita zake 60. Bodi ya Maji ya Bonde la Ziwa Victoria ina mito yake. Halmashauri ina ushuru wake. Polisi wana kielelezo chao. Dereva analipa ushuru wa mchanga getini, anachapiwa risiti ya mashine, na mbele kidogo anaambiwa risiti hiyo siyo leseni ya madini. Kisheria ni kweli: ushuru ni ushuru, leseni ni leseni. Lakini mwananchi aelewe nini, akiona mkono wa kulia wa Serikali unapokea na wa kushoto unakamata? Na ukitaka gari litoke, kila mmoja wa hao watano anakuelekeza kwa mwenzake.

Mazungumzo yenyewe tunayajua wote. Wiki ya kwanza:

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba, Afande. Nimekuja kwa habari ya gari langu."

"Jalada limekwenda kwa mwanasheria wa Serikali, mzee. Uje Jumatatu."

Jumatatu mpelelezi yuko safari. Jumatatu nyingine jalada limerudi lakini halijasomwa. Jumatatu ya nne unavutiwa kiti kwa heshima zote: "Sasa mzee wangu, wewe mwenyewe unaonaje?"

Umeisikia hiyo "unaonaje"? Adabu ipo, shikamoo ipo, kiti kipo. Haki ndiyo haipo. Neno hilo dogo limejenga nyumba nyingi kuliko mchanga wenyewe. Nalo lisingekuwa na nguvu hata kidogo kama kungekuwa na siku iliyoandikwa ambayo gari lazima litoke au lifikishwe mbele ya hakimu. Kitu kidogo huota pale ambapo sheria imeacha uwazi. Ziba uwazi, kitakufa njaa.

Lakini hata pasipo bahasha, kuna njia ya halali inayoniumiza zaidi. Inaitwa kufifilisha kosa. Baadhi ya sheria zetu, ikiwamo ya mazingira, zinaruhusu mtu akiri kosa lake, alipe, yaishe bila kesi. Kwa mwenye kosa kweli ni nafuu, sikatai. Ila mwekee mtu gari lake nyuma ya seng'enge, benki ikimpigia simu kila asubuhi, halafu umpe kalamu: "Ukikiri leo, unaondoka nalo leo." Atakiri hata kuzama kwa jua. Huko ni kukiri au ni kukomboa mateka? Mahakama zetu hukataa ungamo lililotolewa kwa kutishwa kiboko. Ungamo lililotolewa kwa kutishwa umaskini tunalipokea na kulikatia risiti.

Tusisahau kwamba nchi hii inajua sana kuachia mchanga pale inapotaka. Machi 2017 makontena 277 ya mchanga wa madini, yale makinikia ya dhahabu na shaba kutoka migodi ya Bulyanhulu na Buzwagi, yalizuiwa bandarini Dar es Salaam. Tume mbili za maprofesa zikaundwa, ya Profesa Mruma na ya Profesa Osoro, taarifa zikasomwa mbele ya taifa zima. Likafuata nini? Meza. Yakafanyika mazungumzo na Barrick, na tarehe 24 Januari 2020 mkataba ukatiwa sahihi: kampuni ilipe dola milioni 300, Serikali ipate asilimia 16 katika kampuni mpya ya Twiga. Ndipo makinikia yakaruhusiwa kusafirishwa na kuuzwa. Silaumu meza ile. Nauliza tu: meza ya mwenye Canter iko wapi? Mchanga wa kigogo ulipata maprofesa, mawakili na sahihi mbele ya kamera. Mchanga wa mlalahoi unapata "uje Jumatatu".

Sasa tuwasikilize wanaopinga, maana hoja zao siyo za kitoto.

Wanasema: gari likiachiwa, ushahidi umepotea. Ushahidi gani? Hakimu hahitaji kuliendesha gari ili aamue kesi. Anahitaji namba ya usajili, namba ya chesisi, picha, stakabadhi ya ukamataji, kipimo cha mchanga uliokuwamo, na shahidi aliyeuona. Mwaka 2002 Mahakama ya Juu ya India, katika shauri lililotoka Jimbo la Gujarat, ilisema kwamba hakuna faida kuyaacha magari yaozee vituoni: yapigwe picha, iandikwe hati yake, mwenyewe aweke dhamana ya kulirudisha likihitajika, apewe gari lake. Na India siyo nchi ya kubembeleza wezi wa mchanga. Sheria yao ya madini ya 1957 inaruhusu gari likamatwe na hata litaifishwe. Wameweza kushika vyote viwili, ukali wa sheria na uhai wa mali. Isitoshe, gari lililokaa miaka miwili mvuani likaliwa na kutu siyo kielelezo tena. Ni chuma chakavu chenye namba ya kesi.

Wanasema: likiachiwa, atarudia. Vizuri, basi masharti yawepo. Asaini bondi ya thamani ya gari. Asiliuze wala kulibadilisha rangi hadi kesi iishe. Akikamatwa mara ya pili na mchanga usio na leseni, bondi iliwe, na mahakama ilitazame upya suala la kulitaifisha. Mtu akishitakiwa tunamwachia kwa masharti kama hayo hayo, naye ana miguu ya kukimbilia na mdomo wa kutishia mashahidi. Mshitakiwa akiwa mahabusu, sheria inamhesabia siku: kesi haiahirishwi zaidi ya siku 15 kwa mara moja. Gari anayelihesabia siku ni nani?

Wanasema: kama ameonewa, aende mahakamani. Haya, aende. Kuishitaki Serikali kunataka kwanza notisi ya siku 90. Siku 90, jamani! Serikali inapewa miezi mitatu ya kufikiri, na mwenye gari hapewi na benki hata wiki tatu za kupumua.

Ninachodai ni kidogo, na hakihitaji fedha za wafadhili. Gari la mchanga likikamatwa Bukoba au Muleba, karatasi iandikwe pale pale, nakala apewe dereva. Afisa Madini Mkazi apime mchanga na kusema una leseni au hauna, kwa siku chache zinazojulikana. Kama kosa lipo, kesi ifunguliwe Mahakama ya Wilaya na mwenye gari aitwe, hata kama siye mshitakiwa. Kama kesi haifunguliwi, gari litoke, na anayelizuia aandike sababu kwa jina lake na cheo chake. Likitoka, litoke kwa bondi na picha. Likitaifishwa, litaifishwe na hakimu baada ya mwenyewe kusikilizwa. Na shimo, hilo shimo lenyewe, lifuatwe! Lipimwe mita zake kutoka majini, mwenye ardhi aulizwe, lifukiwe. Kwa nini tunawinda magurudumu na kuliacha tundu lililoyaita?

Na ninyi wenzangu wa kwenye usukani, na ninyi vijana wenye machepe, acheni uvivu wa "yaishe". Dai stakabadhi. Andika namba ya jalada. Piga picha gari lako linapoingia uani: tairi, spea, betri, taa. Weka pamoja kadi ya gari, bima na risiti ya ushuru. Kabla ya kupakia, muulize mwenye shimo leseni yake uione kwa macho, maana jibu la "ipo nyumbani" halikupi utetezi wowote mbele ya hakimu. Na gari likishikiliwa, wenye magari jichangeni, mtafute wakili mmoja, mpeleke maombi yenye kiapo mahakamani. Bahasha moja hutoa gari moja na huita bahasha nyingine. Uamuzi mmoja wa Mahakama Kuu pale Bukoba utasomwa na kila kituo cha Kagera.

Anayeogopa karatasi ana jambo analolificha, awe na nyota begani au awe na chepe mkononi. Basi waheshimiwa, mtuonyeshe daftari: magari mangapi ya mchanga yamelala uani leo, tangu lini, na kwa amri ya nani? Tunangoja jibu, na msituambie tuje Jumatatu.